Hesabu Kumi, Halafu Inua Kifuniko

Nina miaka kumi na saba. Najua kumbukumbu za maisha ni kazi ya wazee wenye fimbo, watu waliokwisha kugombana na kila mtu na sasa wanataka kuwa na neno la mwisho. Lakini Jumamosi iliyopita, huko Himbi, mtaa wetu wa Goma, tuliondoa matanga ya Tate, nyanya wa rafiki yangu Muhindo. Nilikuwa nimekaa kwenye kiti cha plastiki, sahani ya wali magotini, mara mjomba mmoja aliyetoka Butembo akapaza sauti: "Teatre iko wapi? Ile mutoto ya kuchekesha! Atuambie ile ya Tate na mashine." Teatre ni mimi. Jina langu ni Amani, ila tangu shule ya msingi hakuna anayelitumia isipokuwa Tate alipokuwa hai, padri na mwalimu wa hesabu, na hawa wawili hulitumia wakiwa na hasira. Watu wakageuza viti. Mama mmoja akaanza kucheka kabla sijafungua mdomo, maana kichekesho chenyewe alikwisha kukisikia. Nikaweka sahani chini. Kabla sijaandika nilichosema pale, lazima nieleze mwaka ule nilipokuwa na miaka kumi na mitatu, kwa sababu kichekesho kile nilikitunga mimi mwenyewe, nimekisimulia shuleni, kwenye kwaya, hata kwenye ubatizo wa mtoto wa watu, na hakina neno la kweli ndani yake. Habari za familia yangu naziruka. Ni familia kama nyingine, tofauti ni kwamba baba yangu anakoroma zaidi.

Nyumba ya akina Muhindo ilikuwa ya mbao, imesimama juu ya mawe ya volkano, na sebule yake ilikuwa na harufu tatu: makaa, sabuni na sambaza za kukaanga, vile visamaki vya ziwani. Viti vilivalishwa vitambaa vya kufuma ambavyo hukuruhusiwa kuviegemea, jambo ambalo mpaka leo sijalielewa, kwa kuwa viliwekwa palepale pa kuegemea. Ukutani ilining'inia kalenda ya parokia, na chini ya televisheni, juu ya kitambaa chake chenyewe kama kitu cha altareni, palikuwa na plei, mashine ya kuchezea michezo kwenye televisheni. Ilikuwa nyeusi, nyembamba, ya aina ile ya zamani inayofunguliwa kwa juu kama sufuria. Aliyeileta ni Papa Kasereka, baba yake Muhindo, mfanyabiashara wa kwenda na kurudi Butembo, na alipokufa, mwaka mmoja kabla ya huu ninaousimulia, aliiacha pamoja na sheria yake. Sheria ilikuwa na sababu. Pembeni ya kifuniko kuna kidude kidogo kinachoijulisha mashine kwamba imefunguliwa, ili isimamishe diski. Kidude hicho kilikuwa kimeharibika, na Papa Kasereka alikuwa amekikandamiza kwa kipande cha karatasi ya kiberiti kilichokunjwa mara mbili. Tangu hapo mashine iliamini imefungwa saa zote. Ukiinua kifuniko, diski inaendelea kuzunguka mbele ya macho yako kama haikuoni. Kwa hiyo nyumba ile ilikuwa na utaratibu: nawa mikono, zima mashine, ngoja taa iwe nyekundu, hesabu mpaka kumi kwa sauti. Halafu inua kifuniko, finya katikati kwa kidole gumba, utoe diski kwa kuishika pembeni tu, kama unavyoshika picha ambayo haijakauka. Mikono ilinawiwa kwa sababu vumbi la Goma si vumbi la kawaida. Ni jiwe jeusi la volkano lililosagika, na likikutana na kitu laini linakikwangua. Kuhesabu kulifanywa na nyumba nzima. Muhindo na mimi tulihesabu kwa Kifaransa cha shule, mama yake alitufuata kutoka jikoni, Tate alihesabu kwa Kiswahili akiwa kwenye kiti chake, na wote tulikutana kwenye kumi kama kwenye amina.

Mimi, bila shaka, niliona utaratibu ule ni kichekesho kilichokuwa kinanisubiri. Siku moja Muhindo alipokwenda kuchota maji, niliinua kifuniko mchezo ukiendelea, nikaweka kidole juu ya diski na kuisukuma nyuma na mbele, huku nikitoa kwa mdomo ile sauti ya DJ, wiki-wiki-wiki. Watoto wa jirani, ambao siku zote walikuwa wamejaa dirishani kwa sababu kwao hapakuwa na televisheni, walicheka mpaka mmoja akaanguka kutoka kwenye jiwe alilokuwa amepanda. Lazima mnielewe hapo, hata kama hamtanisamehe. Darasani nilikuwa wa mwisho kwa urefu na wa kabla ya mwisho kwa alama, na hapo watoto tisa walikuwa wanalia kwa kucheka kwa ajili ya kidole changu kimoja. Nilirudia mara nyingi. Diski za michezo zilikuwa za kunakiliwa, za barabarani, zimeandikwa kwa kalamu, na zilipoanza kukwama tulisema ni mbovu tangu zilipotoka sokoni. Muhindo aliniona mara moja tu. "Teatre, Papa angekuchapa," akasema. Nikamjibu, "Basi ni bahati yangu." Hakucheka. Nami nikaona kosa ni lake, kwamba hana sikio la mzaha.

Sasa, Jumapili ilikuwa siku ya Tate. Akitoka misa ya pili, akibadilisha kitenge cha kanisani na kuvaa cha nyumbani, aliketi mbele ya televisheni na kusema, "Muniwekee Kasereka." Maana plei ile ilikuwa inaonyesha filamu pia, na nyumba ile ilikuwa na filamu moja: sikukuu ya familia huko Butembo, iliyopigwa na mpiga picha wa mtaa. Ng'ombe wawili wanapita. Watu wanakula kwa muda mrefu mno. Halafu Papa Kasereka anasimama, koti limembana tumboni, anashika kipaza sauti na kumshukuru mama yake kwa maneno machache, anasahau aliyotaka kusema, anacheka, kisha anamwimbia ubeti mmoja wa wimbo wa kanisani kwa sauti nzito iliyo nje kabisa ya ufunguo. Ni hayo tu. Tate aliitazama kila Jumapili na kila Jumapili alimjibu kwenye kioo, "Aksanti, mutoto yangu, sasa kaa, unatokwa jasho." Nakala ilikuwa hiyo moja. Mpiga picha alikuwa amefunga duka na kuhama, na hakuna aliyejua alikokwenda.

Jumapili ninayoisema, mama yake Muhindo alikuwa amebaki parokiani kwenye mkutano wa akina mama, na Muhindo alikuwa jikoni nyuma ya nyumba, anakaanga sambaza. Tate alikuwa amelala kitini, kichwa kimeangukia bega, manete ya plei, kile kishikio chake cha vitufe, iko mapajani kwake kwa sababu ndiyo tuliyotumia kuanzishia filamu. Saa nzima nilikuwa nasubiri ng'ombe wapite, watu wamalize kula, Papa Kasereka aimbe, ili tuweke mchezo wetu wa mpira. Nilikuwa nimetoka kucheza nje kwenye changarawe nyeusi na sikuwa nimenawa. Dirishani mtoto mmoja akanong'ona, "DJ." Mwingine akafuata, "DJ, Teatre, DJ." Naandika hili polepole kwa sababu kwa miaka minne nimejiambia kwamba nilifikiri ndani mna diski ya mpira. Si kweli. Papa Kasereka alikuwa kwenye kioo mbele yangu, ameshika kipaza sauti. Nilijua vizuri. Nilijiambia ni sekunde moja tu, na kwamba itachekesha zaidi ikiwa mtu anaongea.

Niliinua kifuniko na kuweka kidole. Sauti haikuwa wiki-wiki. Ilikuwa sauti ya msumari kwenye sahani. Uso wa Papa Kasereka ukakatika vipande vya mraba, mdomo wazi, macho yamehamia shavuni, na dirishani wakaangua kicheko kikubwa kuliko vyote nilivyowahi kupata. Nikashtuka. Badala ya kuzima, nikajaribu kuing'oa diski ikiwa bado inazunguka. Ikaruka, ikagonga mguu wa meza, ikatelezea kwenye sakafu ya saruji hadi chini ya kiti cha Tate. Nikaiokota, nikaipangusa kwa shati langu. Shati lenyewe lilikuwa jeusi kwa vumbi. Nilisugua kwa nguvu, kwa duara, kama mtu anayeosha sufuria, na kila nilivyosugua ndivyo nilivyoimaliza. Nikairudisha, nikafunga kifuniko. Kioo kikawa buluu tupu. Watoto wa dirishani walikuwa wamekwisha kukimbia. Watoto wana akili ya kutambua mzaha umeisha. Tate akafungua macho. Akatazama kioo. Kisha akatazama mapajani, alikokuwa na mkono juu ya manete. Mlango wa nyuma ukalia, Muhindo anaingia na sahani ya sambaza, na mimi nikasema, kwa sauti ya mtu mzima anayesikitika: "Tate, ulifinya nini?"

Hayo ndiyo maneno yangu. Matatu. Nimesema mengi ya kipumbavu maishani, mengine mbele ya mkuu wa shule, lakini hayo ndiyo ningependa kuyameza. Tate alikiinua kidole gumba chake na kukitazama kama kitu alichookota njiani. "Mi nilikuwa nalala," akasema. "Ndiyo, Tate," nikamwambia kwa huruma, "ulifinya ukiwa umelala." Muhindo aliweka sahani chini, akazima mashine, akahesabu mpaka kumi, peke yake, kwa sauti, akaitoa diski kwa kuishika pembeni na kuigeuzia kwenye mwanga. Ilikuwa imechanwa duara kwa duara. "Lakini kufinya haikwangue diski," akasema. Nikamjibu haraka kwamba mashine ikifinywa vibaya inakwama, sindano ya ndani inashuka na kukwangua. Hakuna sindano ndani ya plei. Lakini mimi ndiye niliyekuwa nikijifanya fundi wa mtaa, na yeye alikuwa na miaka kumi na mitatu na baba kwenye kaburi. Aliniamini. Mama yake aliporudi, Tate alimwambia mwenyewe kabla sisi hatujasema: "Mama Muhindo, nimeua Kasereka mara ya pili." Mama Muhindo akapiga magoti mbele ya kiti na kusema, "Hapana, Mama, ni kitu ya mashine tu, tutapeleka kwa fundi." Fundi wa mtaa wa Birere aliisugua kwa dawa ya meno, akaipulizia, akairudisha akitikisa kichwa. Sambaza zile hakuna aliyezila siku ile isipokuwa mimi. Nilizila kwa sababu nilidhani mtu asiye na hatia angekula.

Tangu hapo Tate hakugusa kitu chochote chenye umeme. Simu ya binti yake aliyeko Beni ililia karibu yake mpaka ikanyamaza. Jioni aliketi gizani mpaka mtu mwingine aingie na kuwasha taa, na ukimwuliza, "Tate, kwa nini hauwashe?" alisema, "Mukono yangu ni mubaya." Mimi huko shuleni nilikuwa nimekwisha kupata kichekesho kipya: Tate anafinya. Nilimwiga akilala na kukoroma, kidole gumba kikitembea chenyewe kama panya, kinafinya na umeme wa mtaa mzima unakatika. Nikaongeza kwamba amefinya na volkano ikatoa moshi. Kilikuwa kizuri, nasema kweli, kilikuwa kazi yangu bora. Hata Muhindo alikizoea, na mwisho wake akaanza kukiomba mbele ya wageni, kwa sababu kilikuwa kinamfanya mama yake atabasamu kidogo. Ndivyo uongo wangu ulivyogeuka mali ya familia.

Lakini sehemu ya mwaka ule inayonichoma zaidi ni nyingine. Jumapili iliyofuata nilikwenda kwao nikiwa na hofu, na Tate akaniita. Nilifikiri amejua. Akanishika mkono, mkono uleule, akasema, "Amani, usikuwe na huzuni. Ni miye njo niliharibu, si weye. Weye unajua kuiga watu. Ulikuwa unaona ile filamu kila dimanche. Uniambie alisema nini." Nikasimama mbele ya televisheni iliyozimwa. Nikajaza tumbo hewa ili koti nisilokuwa nalo linibane. Nikashika kijiko kama kipaza sauti, nikamshukuru mama yangu kwa maneno machache, nikasahau, nikacheka, nikaimba nje ya ufunguo. Tate alipiga makofi. "Aksanti, mutoto yangu, sasa kaa, unatokwa jasho." Na kweli nilikuwa natokwa jasho. Ikawa desturi. Kila Jumapili baada ya misa alisema, "Muniwekee Kasereka," na aliyewekwa ni mimi. Kwa kuwa sijui kuacha kitu kilivyo, wiki ya nne niliongeza mzaha kidogo kuhusu ng'ombe. Tate alicheka. Wiki ya sita nikaongeza ubeti wa pili wa wimbo. Baada ya miezi michache hotuba ilikuwa ndefu mara tatu, na siku moja nilipoamua kuifanya kama ilivyokuwa, fupi, Tate alinikatiza: "Umesahau ile ya ng'ombe. Kasereka alisema ile ya ng'ombe." Muhindo alikuwa mlangoni. "Tate, Papa hakusema..." akaanza, kisha akaniangalia, akaacha. Nilikuwa nimemharibia Tate mtoto wake kwenye diski, na sasa nilikuwa namharibia kichwani pia, polepole, kwa makofi.

Mwaka ulipokaribia kwisha, sauti yangu ilivunjika. Darasani ilikuwa balaa, nilijibu "présent" kama mlango usiotiwa mafuta, lakini Jumapili moja, nilipofika kwenye wimbo, sauti ilishuka yenyewe na kukaa chini, nzito. Mama Muhindo alitoka jikoni na mwiko mkononi akasimama. Tate alikuwa amefumba macho. Nilipomaliza hakupiga makofi. Aliuliza, macho bado yamefumbwa, kwa upole wa mtu anayemwuliza mtu wake aliyetoka safari: "Kasereka, umekula?" Niliweka kijiko mezani, nikasema nimeitwa nyumbani, nikakimbia mpaka kando ya ziwa. Sikurudi Jumapili nyingine yoyote. Muhindo nilionana naye shuleni, kwao nilipita siku za kazi, nikasalimia nikiwa mlangoni. Tate alimwuliza kwa miezi kwa nini Amani haji, na Muhindo alimwambia nina masomo mengi, uongo ambao hata mwalimu wangu ungemchekesha.

Basi, Jumamosi iliyopita, mchana, chini ya turubai uani kwao, watu wamegeuza viti. Nilianza kama ninavyoanza siku zote, kwa mkoromo, na wakacheka. Nikakiinua kidole gumba. Wakacheka zaidi. Kisha nikamwona Mama Muhindo katika nguo zake nyeusi, ameinamisha kichwa, tayari anatabasamu kabla ya mahali pa kutabasamu, na kidole kikagoma kutembea. Nikasema, "Tate hakufinya kitu." Wakacheka. Nikasema, "Alikuwa amelala. Ni mimi. Niliinua kifuniko filamu ikiendelea, nikaweka kidole, nikacheza DJ juu ya Papa Kasereka ili watoto wa dirishani wacheke. Halafu nikamsingizia yeye." Mjomba wa Butembo alipiga paja lake. "Eh, Teatre! Leo ameigeuza!" Nikamwambia mjomba, "Papa, ni kweli, naapa." Mama mmoja alifuta machozi kwa ncha ya kitenge, "Angalieni ile sura yake! Huyu mutoto!" Nilizidi kusema na wao walizidi kucheka, na nilipoanza kulia walipiga makofi. Wawili tu hawakucheka. Mama Muhindo aliinuka na kuingia jikoni. Muhindo alibaki amesimama, ananitazama, kisha akasema, "Kuja."

Nikamfuata sebuleni. Vitambaa viko palepale, kalenda imebadilishwa. Alifungua kabati na kutoa misale ya Tate, kitabu chake cha misa, na ndani ya misale, katikati ya kurasa, imefungwa kwenye leso iliyopigwa pasi, diski. "Alikuwa anaiosha na sabuni kila samedi, mbele ya dimanche," Muhindo alisema. "Anasema labda makwaruzo itaisha." Hakunipigia kelele. Ningependa angepiga. "Miaka mine, Amani," akasema, na nilipomsikia ananiita kwa jina langu nilijua mambo yalivyo. "Alikufa akiamini ni yeye. Alikuwa anakaa mu giza." Nikasema najua. "Haujue," akasema. "Weye ulikimbia. Mimi njo nilikuwa nawasha taa." Akaiweka diski kwenye plei, akafunga kifuniko, akawasha. Tukasikia ikihangaika, tik, tik, tik, ikitafuta mahali pa kuanzia. Kioo kilibaki buluu. Nje bado walikuwa wanacheka, mtu alikuwa anarudia mstari wangu vibaya. "Itoe," Muhindo akasema.

Nilikwenda jikoni kunawa mikono. Mama Muhindo alikuwa amesimama kando ya mbabula, lile jiko la makaa, amenipa mgongo. Alinimwagia maji kwenye mikono bila kugeuza uso. Nikarudi. Nikazima. Taa ikawa nyekundu. Nikaanza kuhesabu kwa sauti, kwa Kiswahili, maana yule aliyekuwa akihesabu kwa Kiswahili hayupo tena. Moja. Mbili. Tatu. Sauti yangu siku hizi ni nzito, na mle chumbani ilisikika kama ya mtu mwingine, na nilimwona Muhindo akiitambua. Nane. Tisa. Kumi. Diski ilikuwa imekwisha kusimama ndani, hakukuwa na sauti yoyote. Sikuinua kifuniko. Nilingoja Muhindo aniambie inatosha, na hakuniambia, nikaendelea: kumi na moja, kumi na mbili, kumi na tatu.